Waliotunga "Am I Evil?" Wana Majina Yao

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nisahihishe jambo moja lililochapishwa katika ukurasa wa burudani, kwenye makala iliyosimulia historia ya kundi la Metallica la Marekani. Makala yenyewe niliisoma kwa furaha, kwa kuwa ni nadra magazeti yetu ya Kiswahili kuupa muziki wa hevi metali zaidi ya aya mbili, tena aya zenyewe huwa za kushangaa nywele ndefu na nguo nyeusi. Hata hivyo, mwandishi aliutaja wimbo "Am I Evil?" kuwa miongoni mwa tungo za mwanzo za Metallica, na hilo si kweli. Wimbo huo ulitungwa na Sean Harris na Brian Tatler wa kundi la Diamond Head, kutoka mji wa Stourbridge nchini Uingereza, na ulitoka mwaka 1980 katika albamu yao ya kwanza, Metallica ikiwa bado haijaundwa.

Huenda wapo wasomaji watakaoona kuwa nalikuza jambo dogo. Lakini sisi ni watu tuliousikia wimbo wa "Malaika" ukiimbwa dunia nzima, na Miriam Makeba na baadaye Boney M, huku ubishi wa nani hasa aliyeutunga, Fadhili William au Adam Salim, ukiwa haujatulia mpaka leo. Kwa hiyo tunajua vizuri inavyokuwa pale wimbo unapopata umaarufu na mwenye wimbo akabaki nyuma. Tofauti ni kwamba katika habari hii ya Diamond Head hakuna ubishi wowote: watunzi wanajulikana, majina yao yameandikwa kwenye santuri, na Metallica wenyewe hawajawahi kuyakana. Kinachokosekana ni sisi kuyasoma.

Diamond Head ilianza mwaka 1976, pale Tatler na mwenzake wa shule, Duncan Scott, walipoanza kufanya mazoezi nyumbani, Tatler akiwa na gitaa la bei nafuu na Scott akipiga makopo ya biskuti kwa kuwa hakuwa na dramu. Harris akajiunga kama mwimbaji, na baadaye Colin Kimberley akashika gitaa la besi. Jina la kundi walilichukua kwenye albamu ya mpiga gitaa Phil Manzanera. Stourbridge ni mji uliojulikana kwa viwanda vya vioo, na uko karibu na Birmingham, jiji lililotoa makundi ya Black Sabbath na Judas Priest, kwa hiyo vijana hao walikua wakiwa jirani kabisa na mahali ambapo muziki huu mzito ulizaliwa.

Walipofikia umri wa miaka kama 20, Uingereza ilikuwa imejaa makundi mapya ya aina yao. Gazeti la muziki la Sounds, hasa kupitia kwa mwandishi wake Geoff Barton, lilikuwa limeanza mwaka 1979 kuyaandika makundi hayo kama wimbi jipya la hevi metali ya Uingereza, na kampuni kubwa za kurekodi zikaanza kuyachangamkia. Iron Maiden walichukuliwa na EMI, Def Leppard wakachukuliwa na Vertigo, na makundi yote mawili yakatoa albamu zao za kwanza mwaka 1980. Diamond Head nao walisifiwa na Sounds, tena kwa maneno makubwa, na walikuwa wamepata hata nafasi ya kufungua maonyesho ya kundi la AC/DC. Lakini hakuna kampuni kubwa iliyowapa mkataba kwa wakati huo. Shughuli zao zilisimamiwa na Reg Fellows, mfanyabiashara aliyekuwa na kiwanda cha maboksi ya karatasi ngumu, pamoja na Linda Harris, mama yake mwimbaji. Watu hao waliwapenda vijana wao na waliwaamini, jambo ambalo haliwezi kubezwa, ila hawakuwa na uzoefu wa biashara ya muziki kama waliokuwa nao mameneja wa London.

Ndipo wakaamua kurekodi albamu kwa gharama zao. Waliingia studio ya The Old Smithy mjini Worcester, wakarekodi na kuchanganya sauti za nyimbo zote saba kwa muda wa siku saba. Nia yao ya kwanza haikuwa kuuza santuri. Walitaka kuwa na kazi iliyokamilika mkononi, ili kampuni itakayowachukua isiwe na gharama ya studio, bali ichukue kanda, itengeneze jalada na kuingiza mzigo sokoni. Walibisha hodi na hawakufunguliwa. Mwishowe wakachapisha nakala 1,000 wao wenyewe kwa lebo ndogo ya Happy Face, na zilipokwisha wakachapisha 1,000 nyingine, wakiziuza kwenye maonyesho yao na kwa posta, kwa pauni 3.50, kupitia tangazo katika gazeti la Sounds.

Santuri hiyo iliwekwa ndani ya jalada jeupe tupu. Hapakuwa na picha, wala jina la albamu, wala orodha ya nyimbo. Kitu pekee kilichoitofautisha nakala moja na nyingine ni saini ya kalamu ya mmoja wa wanamuziki wanne, kwa sababu waligawana kazi ya kuzitia saini, kila mtu na fungu lake. Mashabiki wengine waliiita albamu nyeupe, na jina la Lightning to the Nations, ambalo ni la wimbo wa kwanza, lilikuja kuzoeleka baadaye. Nimewahi kuwasikia watu wakisema kuwa weupe ule ulikuwa mbinu ya kisanii. Kwa maoni yangu haukuwa mbinu. Ulikuwa ni uchache wa fedha na haraka ya kutaka kusikika, na ndiyo maana hadi leo nakala hizo zinatafutwa kwa udi na uvumba na wakusanyaji wa santuri.

Sasa niseme juu ya wimbo wenyewe, kwa sababu anayeusikiliza kwa makini atafahamu kwa nini nimeshika kalamu. "Am I Evil?" una urefu wa zaidi ya dakika saba na nusu. Unafunguliwa na dramu na gitaa vikipiga kwa pamoja mapigo mazito yanayokatika na kurudi, mwendo unaofanana sana na ule wa "Mars", sehemu ya kwanza ya muziki wa okestra uitwao The Planets, ambao Mwingereza Gustav Holst aliuandika kati ya mwaka 1914 na 1917, sehemu hiyo ikiashiria mungu wa vita. Mapigo hayo yanapanda, gitaa linapasuka peke yake kwa noti za haraka zinazomiminika, kisha kila kitu kinanyamaza ili kupisha rifu kuu, yaani yale mapigo ya gitaa yanayojirudia na kuubeba wimbo mzima. Tatler amewahi kueleza kuwa alikuwa akijaribu kutunga kitu kizito kuliko "Symptom of the Universe" wa Black Sabbath, na mtu akizisikiliza tungo hizo mbili kwa kufuatana ataona kuwa kijana huyo hakuwa akijisifu bure.

Maneno yake ni masimulizi ya mtu ambaye mama yake alidaiwa kuwa mchawi na akachomwa moto akiwa hai, naye anaapa kulipiza kisasi kwa wote waliohusika, huku akijiuliza kama yeye mwenyewe ndiye muovu. Harris anauimba bila kunguruma. Sauti yake iko juu, nyororo, ina madaha kidogo, karibu na ile ya Robert Plant wa Led Zeppelin, naye pia mtu wa eneo lile lile la Uingereza. Mgongano huo wa sauti laini na gitaa la kutisha ndio ninaoupenda kuliko chochote katika wimbo huo, na ndio uliopotea, kwa maoni yangu, wimbo ulipoimbwa baadaye na James Hetfield wa Metallica, ambaye ana sauti ya kufoka. Halafu, mtu anapodhani wimbo umekwisha kusema yote, mwendo unaongezeka ghafla, na Tatler anaingia katika solo ndefu ambayo haikimbii ovyo bali inapanda hatua kwa hatua kama masimulizi yenye mwanzo, kati na mwisho.

Nyimbo nyingine za albamu hiyo nazo zina uzito wake. "The Prince" ni wa kasi na umejaa mabadiliko ya mwendo ambayo makundi mengi ya wakati ule yangeyagawa yakapata nyimbo tatu. "Helpless", ambao ulikwishatoka kama upande wa pili wa singo yao ya kwanza, yaani santuri ndogo ya wimbo mmoja kila upande, unaenda mbio kutoka mwanzo hadi mwisho. "It's Electric" ni mwepesi zaidi, wimbo wa kijana anayeota kuwa nyota wa roki. Sitadai kwamba kila kitu ni kizuri: "Sucking My Love" umerefushwa kupita kiasi, "Sweet and Innocent" ni wa kawaida, na sauti ya albamu nzima ni kavu, kasoro ambayo wenyewe waliilalamikia. Hata hivyo ukavu huo umesaidia kwa namna fulani, kwa sababu kila pigo la gitaa linasikika wazi, na kijana aliyetaka kujifunza kulipiga aliweza kulifuata kidole kwa kidole.

Kijana mmoja wa aina hiyo alikuwa Lars Ulrich, mzaliwa wa Denmark, mtoto wa mcheza tenisi Torben Ulrich, aliyekuwa amehamia California pamoja na wazazi wake. Katika majira ya kiangazi ya mwaka 1981, akiwa na umri wa miaka 17, alisafiri peke yake hadi Uingereza kwenda kuitazama Diamond Head katika ukumbi wa Woolwich Odeon jijini London. Baada ya onyesho alijitambulisha kwao, nao walishangaa kuona kijana aliyetoka mbali kiasi kile kwa ajili yao, na alipowaambia kuwa hana pa kulala wakamchukua hadi Stourbridge. Alilala sakafuni chumbani kwa Tatler, baadaye akakaa nyumbani kwa kina Harris, akawa anakwenda nao mazoezini na kuwatazama wakitunga. Aliporudi California, kabla mwaka haujaisha, aliunda Metallica pamoja na Hetfield.

Onyesho la kwanza la Metallica lilifanyika Machi 1982 katika ukumbi wa Radio City mjini Anaheim. Kati ya nyimbo tisa walizopiga usiku ule, nne zilikuwa za albamu hii nyeupe: "Helpless", "Sucking My Love", "Am I Evil?" na "The Prince". Ulrich mwenyewe ameeleza baadaye kuwa hawakuwa wakiuambia umati kwamba nyimbo hizo si zao. Hawakudanganya, walinyamaza tu, na kwa kuwa huko California karibu hakuna aliyekuwa amewahi kuisikia Diamond Head, watu wakazichukulia kuwa ni za Metallica. Kosa la mwandishi wako, ndugu Mhariri, lilianzia pale Anaheim.

Baadaye likapata nguvu. Mwaka 1984 Metallica waliurekodi "Am I Evil?" na kuuweka upande wa pili wa singo ya "Creeping Death", na mwaka 1988 albamu yao ya kwanza, Kill 'Em All, ilipotolewa upya nchini Marekani, wimbo huo ulibandikwa mwishoni kama nyongeza. Aliyeinunua albamu hiyo bila kusoma maandishi madogo alikuwa na kila sababu ya kuamini kuwa ni utunzi wao. Tena Juni 2010, mjini Sofia nchini Bulgaria, wanamuziki wa Metallica, Megadeth na Anthrax pamoja na Dave Lombardo wa Slayer walipanda jukwaani kwa pamoja, na katika nyimbo zote walizoweza kuchagua kuuadhimisha usiku ule wakauchagua "Am I Evil?". Picha zake zimeonekana duniani kote, na wengi waliozitazama hawakuijua Stourbridge.

Wakati huo Diamond Head wenyewe walikuwa wamepitia mengi. Kampuni ya MCA iliwachukua hatimaye, na albamu ya Borrowed Time ya mwaka 1982 iliingia katika chati za Uingereza ikashika nafasi ya 24, ikiwa na "Am I Evil?" uliorekodiwa upya. Albamu iliyofuata, Canterbury ya mwaka 1983, ilibadilisha sura ya muziki wao kiasi cha kuwachanganya mashabiki, Scott na Kimberley wakaondoka wakati inatengenezwa, na nakala za mwanzo zilichapishwa vibaya hata sindano ikawa inaruka. Mwaka 1985 kundi likavunjika.

Jambo linaloniuma zaidi kuliko yote hayo ni habari ya kanda za studio. Lebo ya Woolfe ya Ujerumani iliitoa albamu hiyo mwaka 1981, safari hii ikiwa na jina na jalada lenye mchoro, na kwa ajili ya kazi hiyo kanda za asili zilitumwa Ujerumani. Hazikurudi. Kwa miaka ya 1980 karibu yote, kazi ile ya siku saba pale Worcester ilibaki zaidi katika santuri za watu binafsi na katika kanda ambazo mashabiki walidurufiana na kutumiana kwa posta, huku kila nakala ikiwa na mkwaruzo zaidi kuliko iliyotangulia. Kanda zilipatikana wakati Ulrich alipokuwa akiandaa mkusanyo wa nyimbo za wimbi lile la Uingereza, uliotoka mwaka 1990. Yaani kijana yule aliyelala sakafuni, sasa akiwa tajiri na mashuhuri, ndiye aliyezisaka pamoja na watu wa kampuni ya Phonogram ya Ujerumani. Wapo wanaowalaumu Metallica kuwa walijijenga kwa kazi ya wenzao, na mimi nawaomba waliangalie tukio hilo kabla ya kutoa hukumu.

Waangalie pia mrabaha. Kwa muda wa miaka kadhaa Metallica walizirekodi nyimbo nne za albamu hii: "Am I Evil?", "Helpless" mwaka 1987, "The Prince" uliotoka pamoja na singo ya "One" mwaka 1989, na "It's Electric" katika albamu ya Garage Inc. ya mwaka 1998. Kila safari majina ya Harris na Tatler yaliandikwa kama watunzi, na kila nakala iliyouzwa iliwaingizia fedha. Tatler amesema waziwazi katika mahojiano kuwa fedha hizo ndizo zilizomwezesha kuendelea kuishi kama mwanamuziki. Nakala 2,000 za jalada jeupe zisingeweza kumlisha mtu kwa mwaka mmoja, lakini majina mawili yaliyoandikwa mahali panapostahili yamemlisha kwa miongo kadhaa. Nadhani hapo pana jambo la kutafakari kwa kila anayeandika habari za muziki, kwa sababu jina la mtunzi, ambalo mwandishi huliruka ili aokoe nafasi ya mstari mmoja, kwa mwenyewe ni riziki.

Sikubaliani, hata hivyo, na wale wanaoiheshimu albamu hii kwa sababu tu Metallica waliipenda. Huko ni kuifanya kuwa utangulizi wa kitabu cha mtu mwingine. Ina mambo yake ambayo Metallica hawakuyachukua wala hawakuyaweza: sauti ile ya Harris, uhuru wa kuupeleka wimbo mahali ambapo msikilizaji hakutarajia, na ile furaha ya vijana wanne ambao bado hawajaambiwa na mtu yeyote kuwa haiwezekani. Wasikilizaji wa Uingereza walioinunua kwa posta mwaka 1980 hawakuijua Metallica, kwa kuwa haikuwapo, na bado waliipenda.

Diamond Head bado ipo. Tatler peke yake ndiye aliyebaki kati ya wale wanne, ingawa Desemba 2011 yeye na Harris walisimama tena jukwaani pamoja na Metallica katika ukumbi wa Fillmore mjini San Francisco, wakazipiga nyimbo zao wenyewe. Mwaka 2020 kundi liliirekodi upya albamu yote kwa kutimiza miaka 40, likiwa na mwimbaji Rasmus Bom Andersen, naye ni mzaliwa wa Denmark kama Ulrich. Pamoja na nyimbo zile saba waliongeza "No Remorse", wimbo wa Metallica kutoka Kill 'Em All, nao wakaandika kwenye jalada ni nani walioutunga.

Ombi langu kwako, ndugu Mhariri, ni kwamba ukurasa wa burudani uchapishe masahihisho mafupi, yakiwa na majina ya watunzi wote wawili, na kwamba mwandishi wako, ambaye naona ana mapenzi ya kweli na muziki huu, apewe nafasi ya kuandika makala nyingine kuhusu Diamond Head yenyewe. Mimi nitakuwa wa kwanza kuinunua nakala hiyo ya gazeti.

Wako mwaminifu,
Msomaji wenu,
Tanga